James H. White na kamera ya Edison: namna ya kuzisoma filamu za maonyesho ya dunia

Filamu fupi za Maonyesho ya Dunia ya Paris ya 1900 na za Maonyesho ya Pan-American ya Buffalo ya 1901 zinapatikana bure kwenye tovuti ya Maktaba ya Bunge la Marekani. Nyingi hazifiki dakika mbili. Wanaume wenye kofia wanapita, mnara unapanda mpaka unatoka nje ya picha, mashua inateleza kwenye mfereji, taa zinawaka. Wanafunzi wa historia huzitumia kama ushahidi, watengenezaji wa vipindi vya televisheni huzikatakata kila wanapotaka kuonyesha enzi zile, na mitandaoni huzunguka zikiwa zimepakwa rangi na kompyuta. Lakini hazikupigwa ili ziwe ushahidi. Zilipigwa ziuzwe, na kila mahali zilipoonyeshwa ziliyauza maonyesho yenyewe. Asiyejua zilivyotengenezwa atalichukua tangazo akidhani ni kumbukumbu, au ataitupa kumbukumbu akidhani ni tangazo tupu.

Msimamizi wa kazi hiyo alikuwa James H. White. Alijiunga na kampuni ya Thomas Edison mwaka 1896 akawa mkuu wa idara yake ya filamu, na alishika nafasi hiyo mpaka 1903 alipohamishiwa Ulaya kusimamia biashara ya kampuni huko. Leo tungemwita mtayarishaji wa filamu, ingawa kazi za wakati ule hazikuwa zimegawanywa kama sasa. White alichagua cha kupiga, akatafuta ruhusa, akasafiri na mitambo, mara nyingine akasimama karibu na kamera na mara nyingine mbele yake. Mwaka 1901 alikuwa tayari na fundi hodari chini yake, Edwin S. Porter, ambaye baadaye jina lake lilivuma kuliko la bosi wake. Katika picha nyingi za Buffalo ni vigumu kutenganisha uamuzi wa White na mkono wa Porter, na hakuna haja ya kulazimisha.

Kwanza ielewekwe biashara yenyewe. Mwaka 1900 filamu haikukodishwa. Kampuni iliuza nakala moja kwa moja, kwa bei ya futi, na mnunuzi akawa mmiliki. Wanunuzi walikuwa waonyeshaji: wenye kumbi za burudani za mijini na watu waliozunguka na mashine zao kutoka mji hadi mji. Kwa hiyo White alihitaji mada ambayo umma ulikwisha kuisikia kabla filamu haijafika. Maonyesho ya dunia yalifaa mno. Magazeti yaliyaandika kwa miezi, picha zake zilikuwa kwenye kadi za posta, na wengi waliotamani kwenda hawakuwa na nauli. Upande wa pili, uongozi wa maonyesho ulihitaji watu wanunue tiketi, na filamu iliyoonyeshwa ukumbini New York au Chicago ilikuwa mwaliko usiowagharimu kitu. Hapakuhitajika hongo wala maagizo. Kamera ilipewa mahali pazuri pa kusimama kwa sababu pande zote mbili zilitaka picha nzuri.

Mshika mawili, moja humponyoka, na katika picha hizi mara nyingi kilichoponyoka ni kumbukumbu. Ni kipi hasa kilichoponyoka, na wapi, hilo hujibiwa na ufundi.

Paris, White alikuta maonyesho yaliyotembelewa na watu wapatao milioni 50 kati ya Aprili na Novemba 1900. Kivutio kikubwa kilikuwa njia ya miguu inayojiendesha: barabara ya mbao iliyoinuliwa juu ya ardhi, ikizunguka kwa karibu kilomita 3.5, yenye jukwaa moja la kasi ya kama kilomita 4 kwa saa na jingine la kama kilomita 8. White alisimamisha kamera juu yake, mji ukapita mbele ya lenzi. Alipanda na kamera kwenye lifti ya Mnara wa Eiffel, vyuma vikawa vinashuka mbele ya picha na Paris ikizama chini. Pia alizungusha kamera juu ya stendi yake, kushoto kwenda kulia au chini kwenda juu, jambo ambalo kwa watazamaji wa wakati ule lilikuwa burudani tosha.

Kuzungusha kamera kunaonekana rahisi mpaka ujaribu kwa mkono. Kamera za wakati ule ziliendeshwa kwa kukamata mpini na kuuzungusha, kwa kawaida mizunguko miwili kwa sekunde, kila mzunguko ukipitisha fremu 8 (fremu ni picha moja moja zinazounda filamu), yaani fremu 16 kwa sekunde. Mkono wa pili ndio uliogeuza kichwa cha stendi. Mkono mmoja ukiwa na mdundo wake na mwingine ukitakiwa kwenda taratibu bila mdundo, makosa huja haraka: picha inasita, inaruka, inasita tena. Ukigeuza kwa kasi, nguzo na kuta za wima zinakatika vipande na kuonekana kama zinarukaruka. Kwa filamu ya kisasa ya fremu 24, mafundi hushauri kitu kichukue kama sekunde 7 kuvuka picha. Kwa fremu 16 lazima uende taratibu zaidi. Na stendi isiposimama sawasawa, upeo wa macho unaanza ukiwa mlalo, ukifika nusu ya mzunguko umeinama kama meli. Tazama picha za mzunguko za Paris na Buffalo ukiwa na mambo hayo kichwani, na utaona ni kazi za watu waliokwisha kufanya mazoezi mengi.

Picha kutoka kwenye chombo kinachotembea zina kasoro ya aina nyingine. Vitu vya karibu vinapita kasi mno na kuwa ukungu, vya mbali vinaonekana vizuri. Filamu ya Buffalo iliyopigwa kutoka kwenye mashua kwenye mifereji ya maonyesho inakuonyesha vizuri majengo yaliyo nyuma, huku watu waliosimama ukingoni wakipita haraka. Ukitaka nyuso na mavazi, tafuta filamu ambayo kamera imesimama.

Buffalo ndipo penye somo kubwa. Maonyesho ya Pan-American yalifunguliwa Mei 1901 na kufungwa mwanzoni mwa Novemba. Umeme ulitoka Maporomoko ya Niagara, taa ndogo zaidi ya 200,000 zikapangwa kwenye kingo za majengo, na katikati ukasimama Mnara wa Umeme wenye urefu wa karibu mita 120. Kila jioni taa hazikuwashwa kwa mara moja. Mkondo uliongezwa kidogo kidogo, nyuzi za balbu zikaanza na wekundu hafifu, kisha zikang'aa kikamilifu, na umati ulisimama kuangalia. Hicho ndicho watu walichokwenda kukiona Buffalo, na ndicho White na Porter walichotakiwa kukiuza.

Taabu ni kwamba filamu ya mwaka 1901 iliona vizuri rangi ya buluu na karibu haikuona nyekundu. Balbu za nyuzi za kaboni zinatoa mwanga wa manjano unaoegemea wekundu, yaani ule ule ambao filamu ilikuwa kipofu kwake. Ukizungusha mpini kwa kasi ya kawaida usiku, fremu moja hupata mwanga kwa sehemu ndogo tu ya sekunde na hutapata kitu ila weusi. Suluhisho lilikuwa kupiga fremu moja moja: fungua, acha mwanga uingie kwa sekunde kadhaa, funga, sogeza filamu, geuza kamera kidogo sana, rudia.

Tufanye hesabu. Futi moja ya filamu ya milimita 35 ina fremu 16. Tuseme sehemu ya usiku ina futi 25, hizo ni fremu 400. Kila fremu ikipewa sekunde 10, unahitaji sekunde 4,000, yaani saa moja na dakika saba za kusimama gizani, ukigeuza kichwa cha stendi mara 400 kwa kipimo kile kile. Ukikosea kipimo mara moja, mtazamaji ataona mnara umeshtuka. Mtu akigonga mguu wa stendi, kazi yote inaharibika, na hutajua mpaka filamu isafishwe.

Porter aliongeza ugumu. Katika filamu ya maonyesho hayo usiku, mzunguko wa kamera unaanza mchana, kisha unaendelea usiku, kwa mwendo ule ule, kana kwamba giza limeingia ghafla na taa zikawaka kamera ikiwa bado inageuka. Ili vipande viwili vishikane, kamera haina budi kubaki pale pale kwa saa nyingi, kwa urefu ule ule na lenzi ile ile, na kasi ya kugeuza fremu moja moja usiku lazima ilingane na kasi ya mkono ya mchana itakapoonyeshwa kwenye mashine. Hii ni moja ya kazi bora za kiufundi za filamu za mwanzo, na inasikitisha kwamba vipindi vingi vya televisheni huichukua sehemu ya usiku peke yake na kuiacha ya mchana.

Sasa angalia picha hiyo kama ushahidi. Viwanja vinaonekana vitupu. Je, watu walikwisha kwenda zao? Hapana. Mtu anayetembea kwa mwendo wa kawaida hupita zaidi ya mita 10 ndani ya sekunde 10. Katika fremu inayopokea mwanga kwa muda mrefu hivyo, anayetembea haachi alama yoyote. Wanaobaki ni majengo na taa tu. Mwanafunzi akiandika kwamba usiku Buffalo ilikuwa kimya na tupu, amesoma muda wa kufungua lenzi akidhani anasoma umati. Wakati huo huo, kwa tangazo, utupu huo ulifaa sana: mtazamaji aliona jumba la mwanga peke yake, bila msongamano, bila foleni.

Rangi nazo zina mtego wake. Buffalo iliitwa Jiji la Upinde wa Mvua kwa sababu majengo yalipakwa rangi kwa mpango, nzito na za moto upande wa kusini, zikipungua ukali kadiri unavyouelekea Mnara wa Umeme. Filamu isiyoona nyekundu iliyafanya majengo mekundu kuwa meusi, na anga ya buluu kuwa nyeupe kabisa. Kijivu kimoja kwenye picha kinaweza kuwa kijani, kahawia au chungwa, na hakuna namna ya kukirudisha kutoka kwenye picha yenyewe. Kompyuta inayopaka rangi filamu hizi inabuni, na kwa kawaida huyaachia majengo weupe wa maziwa, kinyume kabisa cha kile ambacho maonyesho hayo yalijivunia. Anayetaka rangi halisi azitafute kwenye maelezo ya maandishi ya mwaka ule na picha zilizochorwa.

Septemba 1901 kazi ya White ilibadilika ghafla. Rais William McKinley wa Marekani alihutubia Buffalo tarehe 5 Septemba, na kamera za Edison zilimpiga. Katika hotuba hiyo alisema maonyesho ni watunza saa wa maendeleo. Ni maneno yanayonukuliwa mpaka leo, na hakuna hata moja ndani ya filamu, maana haina sauti. Siku iliyofuata, alipokuwa akipeana mikono na wananchi ndani ya Hekalu la Muziki, Leon Czolgosz alimpiga risasi. Kamera ilikuwa nje. Ilichokipata ni umati uliofurika ukisukumana mbele ya jengo. McKinley alifariki tarehe 14, na idara ya White ikapiga mazishi hatua kwa hatua.

Filamu ya umati ule ndiyo yenye ukweli mwingi kuliko zote za Buffalo, kwa sababu hakuna aliyeipanga. Watu hawaiangalii kamera. Miili inakwenda pande mbalimbali. Linganisha na filamu za ufunguzi, ambapo misafara inapita mbele ya lenzi kwa umbali sawa na kila mtu anajua anapigwa picha. Tofauti hiyo utaiona hata bila kusoma maelezo.

Kisha ikaja filamu ya kuuawa kwa Czolgosz, aliyetekelezewa hukumu ya kifo kwa kiti cha umeme kwenye gereza la Auburn tarehe 29 Oktoba. Kuta za gereza zinazoonekana mwanzoni ni za kweli. Chumba cha kifo ni igizo la waigizaji mbele ya pazia lililochorwa. Katalogi ya kampuni haikuficha kwamba sehemu hiyo ni igizo, lakini katalogi haikufika ukumbini. Mwonyeshaji ndiye aliyeamua aseme nini. Na hapa ndipo wengi hupotea leo, kwa kudhani kwamba filamu ya mwaka 1901 ilikuwa kitu kizima chenye mwanzo na mwisho vilivyowekwa na mtayarishaji. Kilichouzwa ni vipande. Mwonyeshaji alinunua mnara, mashua, hotuba na mazishi, akavipanga atakavyo, akasimama kando ya pazia na kueleza. Maelezo yake yamepotea, mpangilio umepotea, vipande vimebaki.

Sehemu nyingine ya Buffalo yahitaji kusemwa waziwazi. Kwenye mtaa wa burudani palikuwa na vijiji vya watu: kijiji cha Wainuiti walioitwa Waeskimo, kijiji cha Wajapani, onyesho lililoitwa Afrika ya Giza, na jingine lililowarembesha wamiliki wa watumwa wa kusini mwa Marekani. White na wenzake walipiga michezo na mbwa wa Wainuiti mbele ya barafu ya bandia, Wainuiti hao wakiwa wamevaa manyoya katika majira ya joto. Kinachoonyeshwa humo ni ajira ya kuigiza maisha ya nyumbani kwao, mbele ya wateja waliolipa. Aibu hii haikuwa ya Buffalo peke yake. Mwaka 1897, kwa ajili ya maonyesho ya Brussels, watu 267 kutoka Kongo walipelekwa Tervuren kukaa katika vijiji vya maonyesho, na saba walifia huko. Mwaka 1904 Ota Benga, kijana kutoka Kongo, alionyeshwa kwenye maonyesho ya dunia ya St. Louis, Marekani. Ukikutana na picha ya kijiji cha namna hii, usianze na mavazi wala ngoma. Anza na uzio: uko wapi, watazamaji wamesimama upande gani, nani anaruhusiwa kuuvuka.

St. Louis pia ndipo mkondo ulipogeuka. Kampuni ya Westinghouse ilitaka watu waliokwenda kwenye maonyesho waone viwanda vyake, kwa hiyo Billy Bitzer wa kampuni ya Biograph alipiga filamu ndani ya viwanda vya eneo la Pittsburgh mwaka 1904, akitumia taa za mvuke wa zebaki ambazo mwanga wake wa kibuluu filamu iliupenda. Badala ya filamu kuwapelekea watu maonyesho, maonyesho yakawaonyesha watu filamu. Njia hiyo ilifika mbali: mfumo wa IMAX, wa sinema za skrini kubwa mno, ulizaliwa kutokana na majaribio ya skrini nyingi ya Expo 67, maonyesho ya dunia ya Montreal ya 1967, na filamu yake ya kwanza ilionyeshwa Osaka mwaka 1970.

Kwa nini filamu za White zipo mpaka leo? Filamu zenyewe zilikuwa za naitreti, zinazowaka na kuoza. Kilichoziokoa ni sheria. Mpaka 1912 sheria ya hakimiliki ya Marekani haikuitambua filamu kama kitu cha kusajiliwa, ila picha ya kawaida iliitambua. Makampuni yakachapa filamu nzima, fremu kwa fremu, kwenye mikanda ya karatasi, yakaiwasilisha Washington kama picha. Mikanda hiyo ilikaa ghalani kwa miongo. Katika miaka ya 1950 mhifadhi wa filamu Kemp Niver alianza kuirudisha kwenye filamu, akipiga picha upya kila fremu ya karatasi, na hivyo takriban filamu 3,000 zikarudi.

Karatasi hupinda, hujikunja na kusinyaa isivyo sawa. Mtikisiko unaouona kwenye nakala nyingi umetoka hapo, si kwenye mkono wa Porter. Nakala za mwanzo zilikuwa za milimita 16 na zilipoteza maelezo madogo. Ukipata nakala iliyotolewa upya kwa milimita 35, tumia hiyo. Tarehe inayoandikwa mara nyingi ni ya usajili, na usajili ungeweza kuchelewa, kwa hiyo usiifanye kuwa siku ya kupigwa picha bila ushahidi mwingine.

Kasi nayo ipimwe. Filamu ya fremu 16 ikichezwa kwa 24, dakika moja inakuwa sekunde 40 na watu wote wanakuwa na haraka wasiyokuwa nayo. Chagua mtu anayetembea, hesabu hatua zake. Mtu mzima asiye na haraka hupiga hatua karibu mbili kwa sekunde. Ukipata tatu, punguza kasi kabla ya kuandika neno lolote kuhusu pilikapilika za wakati ule.

Mwisho, tafuta ramani ya uwanja na uweke kamera mahali pake. Majengo yale yalikuwa ya muda, ya plasta juu ya mbao, na Buffalo yalibomolewa karibu yote. Jengo la Jimbo la New York, lililojengwa kwa marmar, ndilo lililobaki, na sasa ni makumbusho ya historia ya mji huo. Mnara wa Umeme ulisimama upande wa kaskazini. Aliyeuelekezea kamera mchana alikuwa na jua mgongoni, kuta zikapata mwanga wote na picha ikatoka safi. Aliyegeukia kusini alipigana na jua, akapata kuta zenye kivuli na anga iliyoungua. Muuzaji wa picha nzuri hakuwa na sababu ya kugeukia kusini. Kwa hiyo picha inayotazama huko, hata ikiwa mbovu, ipewe muda mrefu kuliko zile safi: mpigapicha alikubali hasara ya mwanga kwa sababu kulikuwa na kitu upande ule alichotaka kionekane.